Umehamia mji mwingine Ujerumani kwa ajili ya kazi? Namna ya kudai gharama za kuhama na za nyumba ya pili kwenye kodi

Kila mwaka Julai inapokaribia, maswali ni yale yale. "Nimetoka Leipzig nikahamia Stuttgart, narudishiwa nini?" "Mke wangu na watoto wako Dortmund, mimi nimepanga chumba Hamburg, hiyo hesabu inaingia wapi?" "Nimekuja kutoka Nairobi mwaka huu kuanza kazi ya uuguzi, je, tiketi ya ndege inahesabika?" Wanaouliza ni wauguzi, madereva, mafundi, vijana walio kwenye Ausbildung, yaani mafunzo ya kazi yenye mshahara. Wanakatwa kodi kila mwezi bila kukosa, halafu pesa ambayo sheria inawaruhusu kuidai wanaiacha hukohuko Finanzamt, ofisi ya kodi, kwa sababu hakuna aliyewaonyesha pa kuijaza.

Mwongozo huu ni wa mtu aliyeajiriwa na analipwa mshahara Ujerumani. Aliyejiajiri ana fomu zake nyingine.

Jambo moja lieleweke kabla ya hesabu yoyote. Finanzamt haikulipi gharama zako. Inachofanya ni kuziondoa kwenye mapato yanayotozwa kodi, kwa hiyo ukidai euro 1,000 hutapata euro 1,000 mkononi. Kwa mshahara wa kawaida utapata kama robo yake au theluthi. Tena kila mwajiriwa tayari anapewa punguzo la euro 1,230 kwa mwaka bila kuonyesha risiti hata moja. Gharama zako za kazi zote kwa pamoja, yaani nauli ya kila siku, sare, vitabu na hizi za kuhama, zinaanza kukusaidia pale zinapovuka hapo. Habari njema ni kwamba mwaka wa kuhama watu wengi huvuka bila shida.

Swali la kwanza: umehama, au umeongeza nyumba?

Hapa ndipo wengi wanapoharibu, na ukikosea hapa kila kitu kinachofuata kinakosea.

Umehama ukiwa umefunga nyumba ya zamani, ukabeba vitu vyako, na maisha yako sasa yako mji mpya. Hii Wajerumani wanaiita Umzug. Umeongeza nyumba ukiwa bado una makao yako halisi kwingine, pengine mke au mume yupo pale na watoto wanasoma pale, ila umepanga chumba au fleti ndogo karibu na kituo cha kazi. Hii inaitwa doppelte Haushaltsführung, na ndiyo yenye pesa nyingi zaidi kwa sababu inaendelea mwezi hadi mwezi.

Kwa kipindi kimoja huwezi kudai zote mbili kana kwamba ni kitu kimoja. Aliyeongeza nyumba akadai pango la Hamburg kama gharama ya kuhama atakataliwa. Aliyehama moja kwa moja akadai nyumba mbili kwa sababu vitu vyake vingine bado viko kwa rafiki Leipzig, naye atakataliwa. Amua kwanza, kisha fuata njia yako.

Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Namba ya Steuer-ID, ile yenye tarakimu 11. Hii haibadiliki hata ukihama mara kumi.
- Cheti cha mshahara cha mwaka mzima kutoka kwa mwajiri, Lohnsteuerbescheinigung. Huja mwanzoni mwa mwaka unaofuata.
- Mkataba wa kazi au barua ya uhamisho inayoonyesha tarehe ya kuanza na mahali pa kazi.
- Mikataba ya kupanga, wa zamani na wa sasa, pamoja na barua ya kuvunja ule wa zamani.
- Uthibitisho wa kujiandikisha mji mpya, Anmeldung. Sheria inataka ujiandikishe ndani ya wiki mbili baada ya kuhamia.
- Risiti na ankara zote: gari la mizigo, mafuta, tiketi za treni au ndege, dalali.
- Taarifa za benki zinazoonyesha pango likitoka.
- Akaunti ya ELSTER, mfumo wa serikali wa kujaza bure ritani, yaani tangazo lako la kodi la mwaka.

ELSTER uishughulikie leo, hata kama ritani utaijaza baada ya miezi miwili. Sehemu ya msimbo wa kufungulia akaunti hutumwa kwa posta na inaweza kuchukua wiki mbili. Hakikisha jina lako limeandikwa kwenye sanduku la barua. Postamani wa Ujerumani asipoliona jina, barua inarudi ilikotoka, na wageni wanaokaa chumba cha kushirikiana ndio wanaopata shida hii kila mara. Karatasi yenye jina lako na gundi vinatosha.

Njia ya kwanza: umehama kabisa

1. Thibitisha kwamba kazi ndiyo iliyokuhamisha. Finanzamt inakubali sababu hizi: umeanza kazi yako ya kwanza, umebadilisha mwajiri, umehamishwa kituo, umeingia au kutoka nyumba ya mwajiri kwa matakwa yake, au kuhama kumekupunguzia safari ya kazini kwa angalau saa moja kwa siku, kwenda na kurudi zikijumlishwa. Hii ya mwisho inafanya kazi hata kama umehama mtaa tu ndani ya mji uleule. Ulikuwa unatumia dakika 55 kwenda na 55 kurudi, sasa ni 20 na 20: umeokoa dakika 70, unapita.

Piga picha ya ratiba ya basi au treni ya safari ya zamani na ya sasa wiki hiyohiyo unayohama. Ratiba hubadilika, na ukiulizwa mwaka mmoja baadaye hutakuwa na cha kuonyesha.

2. Orodhesha gharama halisi. Zinazokubalika ni hizi:

Kampuni ya kuhamisha mizigo, au gari ulilokodi mwenyewe pamoja na mafuta. Safari za kwenda kutazama nyumba, hata zile ambazo nyumba hukuipata. Ukitumia gari lako unahesabu senti 30 kwa kila kilomita, kwenda na kurudi. Safari ya siku ya kuhama yenyewe. Ada ya dalali aliyekutafutia nyumba ya kupanga. Na pango la nyumba mbili kwa wakati mmoja.

Hili la pango mara mbili halipaswi kukupita. Mpangaji Ujerumani kwa kawaida anatoa notisi ya miezi mitatu, lakini mwajiri mpya anakutaka tarehe mosi ya mwezi ujao. Matokeo yake unalipa nyumba uliyoihama hadi notisi iishe. Pango hilo la nyumba tupu linakubalika tangu siku uliyoondoka, kwa muda usiozidi miezi sita. Kinyume chake pia kipo: ukianza kulipia nyumba mpya kabla hujaweza kuingia, unaweza kudai hadi miezi mitatu. Ambatanisha barua ya notisi na karatasi ya makabidhiano ya nyumba, maana tarehe ndizo zinazoamua.

3. Ongeza kiwango cha mkupuo cha gharama ndogondogo. Hiki hakihitaji risiti. Kwa viwango vilivyoanza tarehe 1 Machi 2024, mtu anayehama anapata euro 964, na kila mwanakaya anayehama naye, yaani mke au mume na watoto, anaongeza euro 643. Viwango hivi hufuata mishahara ya watumishi wa umma, hivyo angalia kilichokuwepo mwaka uliohama. Siku inayohesabika ni ile ya kabla ya kupakia mizigo.

Sasa onyo. Kiwango cha 964 ni cha mtu aliyekuwa na nyumba yake na amehamia nyumba yake. Ikiwa ulikuwa unakaa kwa wazazi, bwenini, au chumba kwenye fleti ya kushirikiana, basi machoni pa Finanzamt hukuwa na nyumba, na kiwango chako ni euro 193. Ni hivyo pia ikiwa unakohamia ndiko kwenye chumba cha kushirikiana. Vijana wengi wa Ausbildung wako kwenye kundi hili. Kama matumizi yako madogo yalizidi kiwango, unaruhusiwa kudai matumizi halisi kwa risiti, lakini hapo unaacha mkupuo.

Na usidai mara mbili. Bakshishi kwa wabebaji, kupaka rangi nyumba unayoiacha, kufunga jiko na taa, kubadilisha usajili wa gari, vyote tayari vimo ndani ya mkupuo.

4. Toa visivyokubalika. Amana uliyompa mwenye nyumba haiingii, kwa sababu ni pesa yako inayotarajiwa kurudi. Makochi, kitanda na televisheni za nyumba mpya haziingii. Ada ya dalali wa nyumba uliyoinunua haiingii. Na chochote ambacho mwajiri alikurudishia, kitoe. Mwajiri anaruhusiwa kukulipa gharama za kuhama bila kukata kodi, ila pesa hiyohiyo huwezi kuidai tena.

5. Piga hesabu. Tuseme muuguzi amehama kilomita 250 na mumewe na mtoto mmoja. Gari la kukodi na mafuta ni euro 340. Alikwenda mara mbili kutazama nyumba kwa gari lake, jumla kilomita 1,000, kwa senti 30 ni euro 300. Mwezi mmoja wa pango la nyumba tupu ni euro 620. Mkupuo ni 964 kwake na 643 mara mbili, jumla euro 2,250. Yote pamoja: euro 3,510. Ukitoa zile 1,230 ambazo angepewa hata hivyo, zinabaki 2,280. Kama euro zake za mwisho zinatozwa asilimia 30, kodi inapungua kwa takriban euro 684. Na akiwa na nauli ya kila siku ya kazini, hiyo nayo inaongezeka juu, kwa sababu 1,230 imeshavukwa.

Na waliotoka Afrika Mashariki moja kwa moja kuja kuanza kazi au Ausbildung yenye mshahara: ndiyo, tiketi ya ndege na usafirishaji wa mizigo ni gharama za kuhama kwa ajili ya kazi. Njia salama kwenu ni kudai gharama halisi zenye risiti. Ada za kutambuliwa kwa cheti cha taaluma pia ni gharama ya kazi, ziandike. Kumbuka tu kwamba gharama huhesabiwa mwaka uliolipa. Tiketi uliyoilipia Desemba ni ya mwaka huo, hata kama uliruka Januari.

Njia ya pili: makao yako yako kwingine, umeongeza nyumba

6. Hakikisha una makao mawili ya kweli. Makao makuu lazima yawe yako, kwa mkataba au umiliki, au ya mwenzi wako wa ndoa, na ndipo maisha yako yalipo. Lazima pia uchangie zaidi ya asilimia 10 ya gharama za kuendesha nyumba ile: pango, umeme, maji, chakula. Kijana mwenye chumba kwa wazazi Köln asiyechangia kitu hana makao mawili, hata kama anarudi kila wikendi.

Wanandoa wanaoishi Ujerumani walio kwenye daraja la kodi (kundi linaloamua kiasi kinachokatwa kwenye mshahara) la III, IV au V hawaulizwi uthibitisho wa mchango. Unachukuliwa kuwa upo.

7. Kama makao makuu yako Kenya, Tanzania au Kongo, jenga faili lenye nguvu. Sheria haikatazi makao makuu kuwa nje ya nchi. Mume aliye Bremen na mkewe na watoto wako Mombasa anaweza kudai. Ila yeye kwa kawaida yuko daraja la I kwa sababu mwenzi haishi Ulaya, kwa hiyo ile nafuu ya kutoulizwa haimhusu. Ataulizwa, na ataulizwa kwa undani.

Weka pamoja: cheti cha ndoa kilichotafsiriwa na mtafsiri aliyeapishwa, mkataba wa nyumba au hati ya kiwanja, na ushahidi wa mchango wako mwezi kwa mwezi. Hapa taarifa ya M-Pesa ni ushahidi mzuri ukiipanga. Pakua ya mwaka mzima kwa PDF, weka alama kwenye kila muamala wa pango, tokeni za umeme na maji, halafu tengeneza jedwali la ukurasa mmoja kwa Kijerumani: mwezi, kiasi kwa shilingi, kiasi kwa euro, kilicholipiwa. Ofisa akipokea kurasa 40 za miamala bila jedwali, hatazisoma zote. Akipokea jedwali lenye namba za kurasa, atakagua mbili tatu na kuendelea. Ada za shule usizichanganye humo, si gharama za kuendesha nyumba.

Na lazima uwe unakwenda. Kwa makao ya nje ya nchi, miongozo ya mamlaka ya kodi inatarajia angalau safari moja ya nyumbani kwa mwaka. Kwa nchi za mbali sana, mfano wanaoutaja ni India, Ufilipino na Australia, safari moja kwa miaka miwili inatosha. Kenya na Tanzania hazikutajwa kwenye mifano hiyo, kwa hiyo usiegemee nafuu hiyo. Nenda kila mwaka na utunze pasi za kupandia ndege.

Pesa unayomtumia mama au baba ni jambo jingine kabisa. Ina fomu yake, Anlage Unterhalt, na masharti yake. Usiiingize hapa.

8. Kusanya gharama za nyumba ya pili. Pango pamoja na gharama zake za kawaida linakubalika hadi euro 1,000 kwa mwezi. Kodi ya nyumba ya pili inayotozwa na miji mingi, Zweitwohnungsteuer, inahesabiwa ndani ya kikomo hicho. Mahakama kuu ya kodi, Bundesfinanzhof, iliamua hivyo mwaka 2023.

Lakini samani ziko nje ya kikomo. Mahakama hiyohiyo iliamua mwaka 2019 kwamba kitanda, meza, sufuria, mashine ya kufulia na vinginevyo vya lazima vinahesabiwa peke yake. Hadi euro 5,000 kwa jumla, Finanzamt inakubali bila kuchunguza kama zilikuwa za lazima. Tofauti na aliyehama kabisa, wewe samani unadai. Kinyume chake, ile mikupuo ya 964 na 193 haikuhusu unapoanzisha nyumba ya pili. Gharama za kubeba vitu unadai kwa risiti.

9. Ongeza posho ya chakula ya miezi mitatu ya mwanzo. Siku nzima ukiwa mbali na makao makuu ni euro 28. Siku ya kusafiri kwenda au kurudi ni euro 14. Risiti za chakula hazihitajiki, kinachohitajika ni kalenda. Baada ya miezi mitatu posho inakoma, hata kama unaendelea kukaa pale miaka mitano.

10. Hesabu safari za nyumbani. Unaruhusiwa safari moja kwa wiki. Hesabu umbali wa upande mmoja tu. Hadi mwaka wa kodi 2025 ni senti 30 kwa kilomita 20 za mwanzo na senti 38 kuanzia kilomita ya 21. Kuanzia 2026 ni senti 38 tangu kilomita ya kwanza. Haijalishi ulitumia treni, basi au lifti ya rafiki. Ndege peke yake ndiyo inayohesabiwa kwa bei halisi ya tiketi, na gari la bure la mwajiri halikupi chochote.

Tazama inavyojumlika kwa mwaka 2025. Umbali kilomita 350: 20 za mwanzo ni euro 6, 330 zilizobaki ni euro 125.40, jumla 131.40 kwa safari. Safari 40 ni euro 5,256. Pango la 680 kwa miezi 12 ni 8,160. Samani 1,900. Posho ya chakula, siku nzima 48 na siku za safari 24, ni 1,680. Jumla ni euro 16,996. Kuna watu wanaoishi hivi miaka mitatu na hawajawahi kujaza ritani. Inaniuma kila ninapokutana nao, kwa sababu hiyo ni ada ya shule ya watoto.

Usiandike safari ambazo hukwenda. Finanzamt inaweza kuomba risiti za mafuta au ankara za gereji zenye usomaji wa kilomita, na namba zisipolingana, wanaanza kutilia shaka hata yale ya kweli.

Kujaza na kutuma

11. Chagua fomu. Ndani ya ELSTER, gharama za kuhama zinaingia Anlage N, sehemu ya gharama nyingine za kazi. Andika neno Umzugskosten na jumla, halafu weka mchanganuo kwenye karatasi yako. Nyumba ya pili ina fomu yake, Anlage N-Doppelte Haushaltsführung. Ukikosa kuiongeza kwenye orodha ya fomu mwanzoni, haitajitokeza yenyewe.

12. Tuma kwa Finanzamt ya unakoishi sasa, si ya ulikokuwa unaishi mwaka unaotangaza. Ritani ya mwaka 2025 mwisho wake ni 31 Julai 2026 kwa anayelazimika kujaza. Asiyelazimika ana miaka minne: ya 2022 inapokelewa hadi 31 Desemba 2026.

Risiti huzitumi pamoja na ritani. Unazitunza, na unazitoa ukiombwa. Kwa makao makuu yaliyo nje ya nchi, mimi nashauri lile jedwali na mkataba utume mwenyewe mapema, kwa sababu utaombwa tu.

Usipojiamini, tafuta Lohnsteuerhilfeverein. Ni chama cha kusaidia waajiriwa kujaza ritani, unalipa ada ya uanachama kwa mwaka kulingana na mapato yako, na ni nafuu kuliko mshauri binafsi wa kodi.

Mambo yakikwama

*Sababu ya kuhama imekataliwa, wanasema ni ya binafsi.* Kama huna ushahidi wa kazi wala wa ile saa moja, bado kuna mlango mdogo. Malipo ya wafanyakazi wa kampuni ya kuhamisha yanaweza kuingia kama huduma za nyumbani: asilimia 20 yake inatolewa moja kwa moja kwenye kodi, hadi euro 4,000 kwa mwaka. Sharti ni ankara na malipo kupitia benki. Uliyemlipa mkononi haihesabiki.

*Risiti imepotea.* Kampuni ya magari na ya treni hutoa nakala ukiomba. Kwa kitu kidogo unaweza kuandika karatasi yako mwenyewe, yenye tarehe, kiasi, sababu na sahihi. Usifanye hivyo kwa kila kitu.

*Wameomba uthibitisho na siku walizotoa hazitoshi.* Andika mara moja kuomba kuongezewa muda, kwa ELSTER au barua, kabla tarehe haijapita. Kwa hati kutoka nyumbani mara nyingi huwa wanakubali. Ukikaa kimya, wanafuta dai.

*Namba ya kodi kwenye barua si ile ya zamani.* Ukihamia eneo la Finanzamt nyingine, Steuernummer hubadilika. Steuer-ID inabaki ileile.

*Unalipa ada ya redio na televisheni mara mbili.* Euro 18.36 kwa mwezi kwa nyumba ya pili huna haja ya kuendelea kulipa. Omba kusamehewa ada hiyo kwa maandishi ukiambatanisha usajili wa nyumba zote mbili.

*Familia imepata viza na inakuja.* Kufunga makao ya Mombasa na kuleta familia mahali pa kazi kunamaliza nyumba mbili, na kuhama huko kwenyewe kunakubalika kama kwa ajili ya kazi. Tunza tiketi zao na gharama za mizigo, urudi hatua ya 2.

*Uamuzi wa kodi umekuja na dai lako halimo.* Soma maelezo ya mwisho wa barua, Erläuterungen, ndipo wanapoandika walichokikata na kwa nini. Una mwezi mmoja kuweka pingamizi, Einspruch. Barua ya posta inahesabiwa imekufikia siku ya nne baada ya kutumwa, na mwezi unaanzia hapo. Pingamizi ni bure. Sentensi moja inatosha kulinda tarehe, "Hiermit lege ich Einspruch ein," pamoja na tarehe ya uamuzi na namba yako. Sababu na karatasi unaweza kuzipeleka baadaye.

*Pango la nyumba mbili linakumaliza kila mwezi na huwezi kusubiri mwaka ujao.* Jaza ombi la kupunguziwa kodi kwenye mshahara wenyewe, Antrag auf Lohnsteuer-Ermäßigung. Linapokelewa hadi 30 Novemba ya mwaka husika. Kama unadai gharama za kazi peke yake, ziwe zaidi ya euro 1,830 kwa mwaka. Wakikubali, mwajiri anakata kodi kidogo kuanzia mwezi unaofuata, na mwisho wa mwaka ritani kwako inakuwa ya lazima.